Mjane na Mpaka wa Chai

Karani ameniletea kibuyu cha mursik, maziwa yetu ya mgando, kutoka kijijini kwetu Merigi. Nimenusa mkaa uliosuguliwa ndani yake kabla sijavaa joho la jaji.

Mama alikuwa anasugua kibuyu kama hiki nikiwa mtoto, siku wazee wa kijiji walipokuja kusikiza kesi ya mpaka wa shamba letu la chai. Baba alikuwa amefariki, na kwa desturi mjane alisemewa na shemeji yake; lakini huyo shemeji wa Mama ndiye aliyeuhamisha mpaka. Mama akainuka, mikono myeusi kwa mkaa.

“Nitasema mwenyewe.”

“Kaa chini, mama,” mzee mmoja akamwambia.

Hakukaa. Nilikuwa nyuma yake nimekumbatia kibuyu.

Kortini asubuhi hii, mwanamume amesimama kumsemea mjane wa ndugu yake.

“Kaa chini, mzee,” nimemwambia. “Mama, sema mwenyewe.”