Baba Ni Mimi, Andika

Nilimkosea mwanamke aliyenilea, na sikukosea kwa bahati mbaya. Nilijua ninachofanya. Leo mimi ni mzee wa kanisa, na namshukuru Mungu aliyeniachia pumzi ya kulisema hili.

Kazi yangu ilikuwa kuandika tamthilia za televisheni. Niliandika za polisi, za mapenzi, hata za majini. Siku moja wakubwa wa kituo wakaniambia, "Mzee, watu wamechoka kulia. Tuletee cha kuchekesha."

Nikawapelekea mama mdogo, huyo huyo aliyenilea.

Alikuwa mjane asiye na mtoto, akiishi Turwa, Tarime. Kwa mila yetu Wakurya, mjane wa namna hiyo hutoa ng'ombe akaoa mke, ili watoto watakaozaliwa wawe wa nyumba yake. Tunaiita nyumba ntobhu. Mama alimwoa Robi, na Robi akazaa mabinti wawili. Siku ya kuwaandikisha shule, mwalimu aliuliza jina la baba. Mama akagonga meza: "Baba ni mimi. Andika!"

Mwalimu akaandika.

Alinisimulia kwa fahari huku akinimiminia uji. Nami nikaiba.

Nilimtengeneza bibi mpumbavu, nikamwita Baba Gauni: gauni chini, koti la kiume juu. Kila kipindi anagonga meza: "Baba ni mimi. Andika!" Nchi nzima ikacheka. Jamani, hata mimi nilicheka!

Mama akapiga simu. "Yule bibi kajifunga kitambaa kama changu."

"Ni maigizo tu, mama."

"Na maneno yangu? Nayo ni maigizo? Mwanangu, acha. Sokoni hawaji kununua ndizi zangu tena. Wanakuja kunitazama."

Nilimwahidi kuacha. Kisha nikaandika msimu wa pili, kwa kuwa watazamaji waliutaka.

Muuza dagaa akimwona tu, anapaza sauti: "Baba Gauni huyo! Andikeni!" Shuleni mabinti waliulizwa kama baba yao ananyonyesha. Mwishowe Robi akafunga mizigo. "Mama, umenitunza vizuri," alimwambia. "Lakini wanangu hawatakulia ndani ya kichekesho." Akarudi kwa baba yake, kijijini Kisaka, na mabinti wakabadilishwa jina, wakawa wa babu yao.

Na mimi? Niliandika tamthilia ya toba! Wachungaji waliisifu. Turwa nilikuwa sijakanyaga.

Nilipokwenda, nilimkuta kitandani. Nikapiga magoti. "Mama, nisamehe."

"Umekuja na nani?"

"Peke yangu."

"Nilidhani umenirudishia watoto." Akageukia ukutani. Hakusema nami tena mpaka alipofariki.

Siku ya mazishi, katibu wa kanisa alikuwa akiandaa historia ya marehemu. Robi alikuwa ametuma neno kwamba majina ya mabinti yasisomwe.

"Mzee, ameacha watoto wangapi?"

Ningesema mimi ni mtoto wake. Ulimi ulikataa.

"Hakuna," nikasema. "Andika."

Wewe unayeishi kwa kuchekesha watu, nisikilize. Anayekulisha akikusimulia jambo lake, hajakupa ukaliuze. Akikwambia acha, acha siku hiyo hiyo, hata kama nchi nzima inapiga makofi. Usingoje mpaka upige magoti. Mungu nilimwomba msamaha, na naamini amenipa. Mama naye nilimwomba, akiwa bado na sauti ya kunijibu, lakini neno la msamaha hakulitoa.