Konokono Kifuani mwa Bibi Harusi

Yudith Matonya wa Chang'ombe, si ile ya Dar es Salaam bali ya huku bara, alikuwa mwoga, na mtaa mzima ulijua. Aliogopa kenge, radi, mbwa wa jirani, hata jogoo wake mwenyewe. Pikipiki ndiyo usiseme: akienda Mkonze kumwona bintiye alitembea kwa miguu, jua likimchoma utosi, kuliko kupanda bodaboda. Kitu kimoja tu hakikumtisha, nacho ni magamba ya konokono wa baharini. Bahari yenyewe hajawahi kuiona, lakini ndiyo iliyomlisha. Aliyasaga magamba hayo juu ya jiwe mpaka yakawa visahani vyeupe vya shingoni, akawauzia wacheza ngoma.

Kwao, msichana anayekaribia kuolewa hupewa gamba lake zima, alifunge kifuani kwa khanga mchana kutwa ili lizoee joto lake. Jioni ndipo mama hulisaga. La Gladness, binti yake wa pekee, Yudith aliliagiza kwa Mudrick, Mrangi wa Kondoa anayefanya biashara Dar es Salaam. Mudrick akalileta mwenyewe kwa treni ya asubuhi, ndani ya kopo lenye mchanga mbichi, iwe zawadi yake ya harusi. Lilikuwa la kahawia, lina michoro kama wavu, na zito kuliko yote aliyowahi kushika. Yudith akafurahi, maana gamba zito hutoa kisahani kinene. Akamfunga binti kifuani kwa mkono wake mwenyewe, na Gladness akarudi chumbani kwake Mkonze kupumzika.

Mchana simu ikaita. Alikuwa Mudrick.

"Shikamoo mama. Lile gamba, umelichemsha?"

"Marahaba. Nichemshe, kwani muhogo huo?"

"Mama, nisikilize. Mvuvi aliyenipa kaniuliza sasa hivi. Wao huyachemsha kwanza, mimi nikalichukua bichi. Kumbe konokono yumo ndani, yuko hai! Ana mwiba wa sumu, huwachoma samaki wakafa palepale. Mtu akichomwa anakufa ganzi, pumzi inakata, na dawa yake haipo. Usiliguse!"

Yudith akampigia Gladness. Simu ikaita mpaka ikakatika. Akapiga tena, kimya.

Alivyopanda bodaboda hata mwenyewe hajui. "Kimbiza baba, mwanangu anakufa!" Akamng'ang'ania dereva kiunoni, amefumba macho, analia kwa sauti. Njia nzima alichokiona ni mikono yake mwenyewe ikifunga ile khanga.

Mlango ulikuwa umerudishiwa tu. Gladness alilala chali kitandani, hatikisiki. Yudith alitaka kupiga ukelele, akaumeza: akimshtua, binti ataligandamiza lile gamba. Akapiga magoti, akalegeza fundo taratibu. Gamba lilikuwa limelalia ngozi, na kwenye ncha yake nyembamba ulichomoza mrija mwekundu, unapapasa huku na huku, unagusa kifua cha mwanawe na kurudi.

Hapakuwa na muda wa kutafuta kijiti. Alilishika kwa mkono mtupu, upande ule mnene, akalinyanyua, akalitupa ndani ya ndoo. Akaifunika ndoo kwa sufuria, akaikalia.

"Mama?" Gladness alifumbua macho, sauti nzito ya usingizi. "Shikamoo. Gamba langu liko wapi? Jioni bado, mama, mbona unaniharibia?"

Yudith alivigeuza vidole vyake, akavikagua kimoja kimoja. Havikuwa na alama. Ndipo mwili mzima ukaanza kumtetemeka, hata ndoo ikawa inagonga sakafu.

"Usisogee," alisema, machozi yakimchuruzika. "Usiniulize kitu. Pumua tu, mwanangu. Nataka nikuone unapumua."