Siku tulipomkemea pepo mwigizaji wa Kiingereza, Durban

Wakuu, amani iwe kwenu. Mimi ni mzee wa kanisa, umri wa kutunga hadithi umenipita. Mhusika mwenyewe aliniruhusu nisimulie, mradi nisimfanye mwembamba.

Mwaka 2012 nilikuwa Durban, natunza bustani na kuendesha gari la bibi mmoja wa Kiingereza kule Westville. Nitamwita Bibi Peggy.

Kazi yake maisha yote ilikuwa kuigiza. Msifikirie staa. Miaka arobaini alikuwa mtumishi wa ndani, mama mkwe, muuguzi mkali. Hakuwahi kuwa bibi harusi hata mara moja, ila mabibi harusi aliowamwagia supu ni wengi. Anaingia, anaangusha kitu, watu wanacheka, anatoka. Basi.

(Mimi niliona ni kazi ya kitoto. Mungu anisamehe.)

Mwaka huo akaitwa kwenye filamu iliyokuwa inapigwa palepale mjini. Siku moja tu: mtumishi anayeanguka na trei. Alikuwa na miaka sabini na sita, na kwa miaka sita hakuna aliyemwita. Akaingiwa na hofu.

Akaniambia, "Papa Déo, nipeleke kanisani kwako nijaribu mbele ya watu wasionijua. Wasipocheka, Jumatatu napiga simu nakataa. Na usiwatangazie. Kichekesho kikitangazwa kimeshakufa."

Nikaahidi.

Kanisa letu lilikuwa Overport, Wakongo na Warundi. Jumapili iliyofuata, baada ya ibada, kulikuwa na chai ya wazee. Bibi akatoka jikoni na trei, kilemba kichwani, moja kwa moja kwa Pasteur, mchungaji wetu. Akajikwaa kwenye hewa. Vikombe vikaruka, akazunguka mara mbili, akalala chali, mguu mmoja juu.

Nilikuwa nimeona mazoezi yake yote. Hakuna anguko lililofikia hilo.

Hakuna aliyecheka.

Mama Espérance, mkuu wa waombezi, akapaza sauti: "Iko na pepo! Leteni mafuta!"

Kwetu mwanamke akianguka kanisani, kwanza anafunikwa miguu kwa kitenge, halafu anaombewa. Kitenge kikaja. Mafuta yakaja. Waombezi wanane wakamzunguka: "Toka! Toka!"

Na mimi niliyejua ukweli? Nilinyoosha mkono nikakemea pamoja nao. Nani anataka kuonekana mzee asiye na Roho?

Dakika ishirini, wakuu. Bibi hakutikisika. Kwake igizo lilikuwa bado linaendelea.

Mwishowe Pasteur akapiga magoti, akamuuliza pepo: "Wewe ni nani? Nani alikutuma?" Kisha akanigeukia. "Papa Déo, tafsiri. Hii pepo iko mzungu."

Nikatafsiri. Bibi akafungua jicho moja, akajibu kwa upole sana. Nami nikalitangazia kanisa neno kwa neno:

"Anasema yeye ni mtumishi, ametumwa na watu wa jikoni. Anauliza Pasteur anatumia sukari vijiko vingapi."



Mzee mmoja Mrundi kule nyuma ndiye aliyepasuka kwa kicheko kwanza. Pasteur naye akafuata, akakaa sakafuni kabisa. Kisha ukumbi wote. Mama Espérance peke yake alikuwa amekasirika: "Eish! Na mafuta yangu yote nimemaliza kwa huyu mama!" Halafu naye akashindwa kujizuia.

Ndani ya gari bibi alijifuta machozi. "Wamechelewa dakika ishirini," akasema, "lakini wamecheka."

Jumatatu akapiga simu, akakubali ile kazi. Nilimpeleka mwenyewe. Alianguka mara saba, maana mwenye kamera alikuwa anacheka mpaka picha inatikisika.

Nilichojifunza? Nimemtumikia Mungu miaka mingi huku nagombania kiti cha mbele. Kumbe kuna watu kazi yao ni kuingia na trei, kufurahisha nyumba nzima na kutoka, na hawanung'uniki. Namshukuru Mungu alinipa kumwendesha mmoja wao.

Na jingine: mtu akianguka, muulizeni kwanza.

Haya, wangapi humu mmewahi kunyoosha mkono na kukemea, huku mnajua kabisa hakuna pepo? Semeni ukweli. Mimi nimeshatangulia.