Beki wa Msambweni na ahadi aliyowapa akina mama wa Doha

Saa kumi na moja na robo alfajiri, na kocha Mwanamkuu Abubakari hatazami mpira. Anatazama geti.

Getini amesimama Damaris Chelangat, askari wa zamu kutoka Kericho, na beseni la plastiki mkononi. Kila msichana anayeingia anatumbukiza simu yake humo, anavua abaya, anaikunja kwenye benchi na kukimbilia uwanjani. Mwandishi wa makala haya ni mwanamke, la sivyo asingevuka kizingiti, na simu yake imo kwenye beseni hilo hilo. Ukuta unaozunguka uwanja una urefu wa mita tatu. Mwanamume haingii, wala picha haipigwi.

"Wamefika wangapi?" Mwanamkuu anauliza.

"Ishirini na moja, kocha."

"Namba Nne je?"

"Bado. Hata gari lao sijaliona."

Kocha anapuliza filimbi. Ni Jumapili ya Machi 2014, siku ya kwanza ya wiki hapa Doha, na jua likishachomoza mazoezi hayafanyiki. Mabeki wanne wanapanda pamoja kama walivyofundishwa, ila leo mmoja wao ni wa kuazimwa na mstari unapinda. "Pandeni pamoja!" anafoka, kwanza kwa Kiingereza, kisha kwa Kiarabu chake cha kubabaisha.

Namba Nne ni beki wa kati, mwanafunzi wa mwaka wa pili wa uhandisi katika chuo kikuu hiki. Familia yake, ya wenyeji wa Doha, imeomba jina lake lisiandikwe. Kocha anamtafuta kwa sababu nyumbani kwao kuna memori kadi yenye video ya wasichana ishirini na wawili wakicheza vichwa wazi. Kadi hiyo ni ya kocha mwenyewe. Akiifungua kaka au baba wa yule msichana, habari itafika nyumba zote ishirini na mbili kabla ya adhuhuri, na timu itakuwa imekwisha.

"Tangu Alhamisi silali," anasema wakati wasichana wakinywa maji. "Nikifumba macho naona mlango wa nyumba yao."

Mwanamkuu ana miaka thelathini na mitano. Alizaliwa Msambweni, pwani ya Kenya, akalelewa na bibi yake hadi alipotimiza miaka kumi na moja. Hapo mama yake, aliyekuwa akifanya usafi katika nyumba ya wazee mjini Hamilton, Kanada, alipata karatasi za kumchukua.

Alifika Januari. Theluji ilikuwa magotini. Shuleni hakuwa na lugha wala rafiki, lakini alikuwa mrefu, na mwalimu wa michezo akamsimamisha nyuma kabisa, mbele ya kipa. Pale nyuma aligundua kipaji chake: alikuwa akiona mambo kabla hayajatokea. Akacheza misimu mitano katika timu ya chuo kikuu na mitatu katika klabu ya wanawake, akaitwa mara moja kwenye kambi ya majaribio ya taifa, akarudishwa nyumbani kwa adabu zote. Mwaka 2006 kano ya goti la kulia ikakatika. Daktari alimwambia atatembea vizuri, na kuhusu mpira hakusema kitu.

"Nililia kama nimefiwa," anasema. "Halafu kocha wangu akanipa filimbi. Akaniambia, goti limeisha lakini macho bado unayo."

Akawa kocha msaidizi wa chuo kwa miaka minne, hadi alipoona tangazo la kazi Doha. Leo anaishi chumba kimoja Al Mansoura, juu ya duka la fundi cherehani, kwa mshahara wa riyali elfu saba na mia tano. Karibu nusu yake huenda Msambweni. Mkataba wake unaisha Juni, na kibali chake cha kukaa nchini kimeshikana na mkataba huo.

Timu hii haikuanzia uwanjani. Ilianzia kwenye mazulia ya watu. Muhula wa kwanza, mwaka 2011, kocha alizunguka nyumba kumi na saba akiwaomba akina mama wamkabidhi mabinti zao. Alikaribishwa kahawa kila alikoingia, na kwa kuwa hakujua kwamba mgeni akitosheka hutikisa kikombe, waliendelea kumjazia. Nyumba moja alikunywa vikombe tisa. Alitoka moyo ukimwenda mbio, lakini alitoka na msichana.

Na kila alikoingia aliacha maneno yale yale: hakuna mwanamume atakayewaona, hakuna picha itakayopigwa. Ahadi hiyo ndiyo iliyofungua milango. Fedha za chuo na jezi mpya zilikuja baadaye.

Kwa hiyo kamera ilitoka wapi?

Anapoulizwa hivyo kocha anainamisha kichwa. Kule Kanada, anaeleza, alikuwa akiapa kwamba amesimama kwenye mstari na wenzake, mpaka alipoonyeshwa video na kujiona yuko nyuma hatua tatu. Beki hajioni. Novemba iliyopita, timu ilipofungwa mabao matano na chuo kingine, yote kwa kosa hilo hilo, uvumilivu ulimwishia. Akatega kamera ndogo juu ya paa la stoo ya vifaa. Baada ya mazoezi aliwaonyesha wasichana makosa yao ndani ya chumba cha kubadilishia nguo, mlango umefungwa, na kabla ya adhuhuri alifuta kila kitu. Wasichana walifurahi mno. Akina mama hawakuambiwa.

"Nilijiambia hizi si picha, hii ni kazi," anasema. "Nilijidanganya, na nilijidanganya vizuri kweli."

Alhamisi iliyopita mvua ya ghafla ilishuka katikati ya mazoezi, na upepo wake. Mtandio wa Namba Nne, aliokuwa ameuacha benchi, ulipeperushwa ukavuka ukuta. Nje dereva alikuwa akisubiri, na wafanyakazi wa bustani walikuwa wamejikinga pale pale getini. Msichana alisimama akitetemeka, nywele zikichuruzika maji.

Mwanamkuu alifanya ambalo mwanamke yeyote wa pwani angefanya bila kufikiri mara mbili. Alifungua leso, ile kanga aliyojifunga kiunoni, akamtandia kichwani, akamsindikiza hadi mlango wa gari. Na kwa mazoea aliyoyarithi kwa bibi yake, ambaye hela zake zote hukaa kwenye pindo, memori kadi, aliyoichomoa kwenye kamera mvua ilipoanza, alikuwa ameshaifunga kwenye pembe ya leso hiyo ili isilowe. Gari lilipokata kona ndipo alipojipapasa kiunoni.

Tangu hapo simu ya msichana imezimwa. Kwenda kugonga mlango wao siku ya Ijumaa, wanaume wote wakiwa nyumbani, kungekuwa kujimwagia mafuta ya taa mwenyewe.

Mazoezi yanapokwisha Jumapili hiyo, kocha anakwenda kwa mkuu wa michezo ya wanawake na kuomba akina mama wote waitwe Jumanne baada ya sala ya alasiri. Ana jambo la kuwaambia. Jambo gani, hasemi.

Damaris, anayejua habari ya kadi, anaposikia anaweka beseni chini.

"Kocha, hapana. Hao watu hawajajua kitu, wewe unataka kuwaambia ya nini? Hii ni Doha, hapa unapelekwa airport na nguo ulizovaa. Nyamaza tu."

"Na wakijua kwa njia nyingine?"

"Wakijua utaomba msamaha. Lakini uanze kuomba kabla ya kushikwa? Hiyo sijawahi ona."

Jumatatu saa kumi na nusu alasiri, gari jeupe linasimama getini. Anashuka mwanamke wa makamo, mnene, amebeba mfuko wa karatasi. Ni Zuleikha, mzaliwa wa Pangani, ambaye kwa miaka kumi na mbili amefanya kazi za ndani nyumbani kwa kina Namba Nne.

"Shikamoo, bibi," Mwanamkuu anasema, macho yake kwenye mfuko.

"Marahaba, mwanangu. Mtoto ana homa tangu ile mvua, hata simu hashiki. Leo kapata nafuu ndio akanituma, akasema mpelekee mwalimu kanga yake."

Leso imefuliwa, imepigwa pasi. Pembe moja bado ina fundo, chafu kidogo kuliko kwingine.

"Hukufungua?" kocha anauliza.

Zuleikha anamtazama kama aliyetukanwa. "Nifungue pindo la mtu? Kwetu hata mume hafungui pindo la mkewe. Nimeifua nimelishika fundo juu ya maji, mkono ukaniuma. Mama mwenyewe kaniuliza mna nini humo, nikamwambia kilichomo ni cha mwenyewe."

Mwanamkuu anamkumbatia, analia waziwazi pale getini. Damaris naye anafuta macho, kisha anarudi kwenye hoja yake.

"Si imepatikana sasa! Futa hiyo kadi, futa na mkutano. Sema ulitaka kuwaonyesha jezi."

Ni ushauri ambao wengi wetu tungeuchukua mbio. Kocha anafungua fundo, kadi inamwangukia kiganjani.

"Dama," anasema, "beki akikosea, kipa akaokoa, kosa si liko pale pale? Mechi ijayo atarudia. Mimi nilishaanza kuzoea."

Jumanne ukumbi wa mazoezi ya ndani una akina mama kumi na tisa na bibi wawili. Mtaalamu wa viungo wa timu, mwanamke Msudani, anatafsiri pale Kiarabu cha kocha kinapokwama. Mwandishi ameruhusiwa kukaa nyuma.

Mwanamkuu amesimama wima, mikono mgongoni. Anasema yote: paa la stoo, miezi minne, mvua, leso. Anasema kadi imerudi bila kufunguliwa, na kwamba angeweza kunyamaza. "Niliwaahidi kwenye mazulia yenu nikavunja. Wasichana hawana kosa. Mkitaka niondoke nitaondoka, ila naomba timu ibaki."

Mama mmoja anasimama, anachukua mkoba wake na kutoka. Wawili wanamfuata, kisha wengine watatu. Kocha hafuti jasho linalomtiririka shingoni.

Anayezungumza wa kwanza ni mama yake Namba Nne, mwanamke mwembamba mwenye miwani.

"Hiyo kadi unayo?"

"Ninayo."

"Mimi ni mama yake na sijawahi kumwona akicheza hata siku moja. Funga mlango. Tuonyeshe."

Taa zinazimwa. Ukutani wanatokea wasichana wadogo wadogo, wameonekana kwa juu, wakikimbia katika mwanga wa alfajiri. Halafu bibi mmoja anauliza wake ni yupi, anaonyeshwa, na anapiga kofi la mshangao. Kuna anayecheka, kuna anayelia. Namba Nne anateleza chini, anauchomoa mpira miguuni mwa mwenzake, anainuka akiwapigia kelele wenzake wapande.

"Huyo ni wangu?" mama yake anasema. "Nyumbani hata chumvi haombi kwa sauti."

Anasogea karibu na ukuta. Anaangalia mara ya pili, mara ya tatu, kisha ananyoosha kidole.

"Mbona anamwacha yule mwenye nyekundu nyuma yake peke yake?"

Kocha anageuka kumtazama. Ni pengo lile lile lililowafungisha mabao matano, na wasichana walihitaji wiki sita kuliona.

Mkasi unaletwa. Mama huyo huyo anaikata kadi vipande vinne mbele ya wote, na inakubaliwa kwamba kamera haitapanda tena juu ya paa. Kufikia magharibi familia sita zimewaondoa mabinti zao. Chuo kimempa Mwanamkuu barua ya onyo, na mkataba wake utajadiliwa mwezi ujao. Hajui kama Juni atakuwa hapa au kwenye kochi la mama yake Hamilton.

"Nimepoteza wasichana sita," anasema, na machozi yanamlengalenga. "Kila mmoja namjua anavyofunga viatu. Siwezi kusema nilishinda."

Hata hivyo ana mpango, na ameuandika. Usiku ule ule aliiomba idara viti thelathini, viwekwe ndani ya ukuta, upande wa mabeki. Anataka akina mama waje wenyewe, wawe macho ambayo kamera haitakuwa tena. Na anataka Namba Nne, akihitimu, apewe filimbi hadi aizoee, ili siku moja timu ifundishwe na mtu ambaye hakuna mkataba wa kumwondoa.

Ombi la viti halijajibiwa. Idara imesema itachukua wiki kadhaa.

Jumatano, saa kumi na moja alfajiri, wameingia wasichana kumi na sita. Namba Nne, sauti ingali na mafua, amekwenda moja kwa moja katikati ya mabeki. Nyuma yake ameingia mama yake, akihema kidogo, amebeba kiti cha kukunja kutoka nyumbani kwake.