Siku Ofisa wa Bima Alipokuja Nduruma

Mume wangu alikuwa fundi mwashi. Aligongwa na basi akiwa kwenye baiskeli, anarudi nyumbani kwetu Levolosi, ile miaka ambayo mabasi ya watu binafsi yalianza kujaa barabarani na kila moja likakimbilia abiria kabla ya mwenzake. Dereva alikiri kosa mahakamani. Tukaambiwa basi lilikuwa na bima, kwa hiyo tutalipwa fidia sisi tuliomtegemea marehemu: mimi, watoto wetu wawili na mama yake aliyekuwa akiishi kijijini Nduruma.

Nilidhani kulipwa ni kwenda kupokea. Kumbe ni kupanda ngazi. Nilipeleka ripoti ya polisi, nikaambiwa nilete nakala ya hukumu. Nikapeleka hukumu, nikaambiwa cheti cha kifo, kisha barua ya usimamizi wa mirathi. Ofisa wa bima aliyekuwa akinihudumia hakuwa mtu mbaya. Alikuwa kijana wa Kichaga, mpole, viatu vyake vinang'aa kila siku, na mimi nilishamzoea kiasi cha kumuuliza hali ya mtoto wake mchanga.

Siku niliyokwenda na mama mkwe ndiyo mambo yalipochangamka.

"Shikamoo bibi," ofisa alisema. "Karatasi zako ziko sawa. Imebaki kuthibitisha kwamba marehemu alikuwa anakutunza. Una risiti yoyote?"

Mama alinigeukia akaniuliza kwa Kimeru kama amesikia vizuri. Nikamwambia amesikia.

"Wewe," akamwambia kijana kwa Kiswahili chake cha sokoni, "ukimpelekea mama yako sukari, anakuandikia risiti?"

Kijana alijikaza, akashindwa, akacheka. "Haniandikii, bibi."

"Basi njoo kwangu uangalie kwa macho."

Sikutegemea kwamba angekuja. Lakini Jumamosi iliyofuata tulisikia pikipiki, akatokea na faili kwapani na viatu vyake vilevile. Ili kufika kwa mama ilibidi kuvuka mfereji wa kumwagilia migomba, kwenye gogo moja. Tulimpigia kelele avue viatu kwanza. Akatupungia mkono kwamba ataweza. Alifika katikati, gogo likateleza, akatumbukia hadi magotini, faili amelinyanyua juu ya kichwa kama mtu aliyetekwa.

Mama alicheka mpaka akakaa chini kwenye majani. Nami nikacheka, nikajishika mdomo, kwa sababu sikuwa nimecheka tangu msiba na sauti yangu mwenyewe ilinishtua. Kijana naye, maji yakimchuruzika, akasema, "Angalau marehemu hajalowa," akionyesha faili. Tukacheka upya.

Mama aliingia ndani, akarudi na gambuti za mwanawe, zile alizoziacha pale kwa ajili ya kulimia. Kijana alizivaa. Zilimtosha kabisa.

"Tembea nazo," mama akamwambia. "Nikuonyeshe."

Akamzungusha boma zima. Huyu ng'ombe alinunuliwa na mwanangu. Jiko hili alijenga yeye. Nyumba ya matofali, vyumba viwili vimekwisha, cha tatu kimefika usawa wa madirisha; angalia, kamba ya kupimia ukuta bado imefungwa palepale alipoifunga. Ofisa aliishika ile kamba, akaiachia polepole, akaandika ukurasa mzima akiwa amesimama. Hakuruhusiwa kuondoka kabla ya kumaliza bakuli la loshoro, mahindi na maziwa mgando, na akaongezwa la pili bila kuulizwa.

Miezi kadhaa baadaye tuliitwa ofisi ya bima kupokea fidia. Haikuwa yote tuliyoomba, ila sehemu ya mama ilikuwemo. Mhasibu alimsogezea kikasha cha wino ili aweke dole gumba. Mama akakirudisha.

"Mimi nilisoma elimu ya watu wazima."

Akachukua kalamu, akaandika majina yake yote matatu, herufi kwa herufi, huku foleni nyuma yetu ikisubiri. Alipomaliza alilitazama jina lile, akaongeza nukta ambayo haikuhitajika. Mzee mmoja kwenye foleni akampongeza kwa sauti, naye akamjibu "asante" kana kwamba amezoea kupongezwa.

Mimi nilinunua cherehani, nikaanza kupunguza suruali za mitumba ambazo siku zile zilikuwa zinafurika sokoni, zote zikiwa zimeshonewa watu warefu kuliko sisi. Kazi haikunikaukia. Mama alimalizia chumba cha tatu, akampangisha mwalimu wa shule ya msingi, bibi mwenzake mjane mwenye redio. Kila nilipokwenda kuwasalimia niliwakuta wanabishana juu ya taarifa ya habari, na mara nyingi mama ndiye aliyekuwa anashinda.