Nyumbani Kuna Watu

Niliporudi likizo kutoka chuo kikuu nilimkuta baba yangu amevaa viatu, na haikuwa Jumapili. Kazini alikuwa akienda peku. Tangu kabla sijazaliwa alikuwa kibarua katika kitalu cha serikali cha miche ya kahawa, karibu na kwetu Kagoma. Bendera ilibadilika, mabwana wakabadilika, yeye akaendelea kumwagilia.

"Wamenipa ajira ya kudumu," aliniambia. "Nisindikize nikashukuru."

Kwetu mtu haendi kushukuru mikono mitupu. Tata, ndivyo tunavyomwita baba, alibeba kibuyu cha rubisi, pombe ya ndizi aliyoikamua mwenyewe, na mimi mkungu wa ndizi. Njiani nikamuuliza kama miaka ya kibarua itaingia kwenye pensheni.

"Kumbe huko chuoni hawafundishi kunyamaza?" alisema.

Bwana Shamba, mkuu wa kitalu, alikuwa mtu wa mkoa mwingine. Tata alimpa kahawa ya kutafuna, kama anavyopewa mtu wa heshima. Aliipokea, akaitia mfukoni mwa shati.

"Karibu, ndugu mtumishi! Viatu vinabana?"

"Vinabana, Bwana Shamba. Lakini navyo ni vipya kazini, vitazoea."

Walicheka. Mimi nikauliza swali langu.

"Ndugu msomi, kibarua hulipwa kwa siku. Siku ikiisha, imeisha. Utumishi wa baba yako umeanza mwezi huu."

"Na miaka yote ile?"

"Ile alikuwa anatusaidia."

Tata alinikanyaga mguu kwa kiatu kipya. Ndipo Bwana Shamba, kwa sauti ya mtu anayeulizia mvua, akasema: "Mzee, kibanja chako kina watu?"

Kwetu swali hilo lina jibu moja tu. Kibanja ni migomba, ni kahawa, ni makaburi ya wazee. Kusema hakina watu ni kukiita kifo kiingie. Tata alijinyoosha.

"Nyumbani kuna watu! Wadogo zangu wapo, watoto wapo. Hata nisiporudi mwezi mzima, migomba haitajua."

Mdogo wake mmoja tulikuwa tumemzika katika migomba hiyo hiyo. Mwingine alikwenda Buganda kulima pamba, hakurudi. Dada zangu walikuwa wameolewa mbali. Aliyekuwapo ni mama.

"Safi," alisema Bwana Shamba. "Watu wasio na vikwazo ndio tunaowatafuta."

Kibuyu hakukigusa.

Tulipofika barabarani nilimwambia tata arudi akaseme ukweli. Kibarua hahamishwi, nilimweleza, lakini mtumishi wa kudumu hupelekwa popote. Na siku hizo za vijiji vya ujamaa, kila mtu alijua kwamba shamba lisilo na mwanamume kamati ya kijiji ingeweza kumpa mwingine.

"Niseme sina mtu?" Alisimama katikati ya njia. "Unataka niwazike wote kwa mdomo wangu?"

Likizo yangu haikuwa imekwisha alipoambiwa: Nachingwea, kitalu cha korosho. Korosho hakuwahi kuziona. Nilikwenda naye ofisini. Alibaki barazani, mvua ikinyesha, mimi nikaingia.

"Akikataa?"

"Atakuwa ameacha kazi mwenyewe," alijibu Bwana Shamba.

"Basi arudishwe kuwa kibarua."

"Vibarua hatuna tena, ndugu. Tumewapa haki zao."

Nikasema. Nikamweleza kwamba nyumbani hakuna mtu ila mama, na kwamba jibu la siku ile lilikuwa la heshima tu. Bwana Shamba alinisikiliza vizuri. Kisha akainua sauti kuelekea mlangoni.

"Mzee! Kijana wako anasema huna watu. Ni kweli? Sema nimwandikie mkuu wangu leo hii."

Niliona mgongo wa tata. Alikuwa akiangalia miche, mvua ikimrukia miguuni.

"Vijana wana utani," alisema bila kugeuka. "Watu wapo."

Tulimsindikiza hadi bandarini Bukoba, akapanda meli ya Mwanza amevaa viatu vyake. Hakutuambia lini angerudi, na kwa mara ya kwanza mimi sikuuliza.

Siku iliyofuata balozi wetu wa nyumba kumi alipita. Hakukaribia mlango. Alitembea taratibu ukingoni mwa kibanja, akapiga shina la mgomba kwa kiganja kama mtu anayechagua ng'ombe. Mama alikuwa akimenya ndizi. Mizigo yangu ya kurudi chuoni ilikuwa kizingitini.

"Mama," aliita balozi, "na huyu akishaondoka, hapa atabaki nani?"

Mama hakuinua macho. Kisu kiliendelea kumenya.

"Watu wapo," alisema.

Balozi aliitazama mizigo yangu, akatazama nyumba, kisha migomba, mstari hadi mstari.

"Vizuri," alijibu. "Nitapita tena."