Filamu za Kifaransa Jikoni kwa Mama

Mama alipopoteza usikivu baada ya kuugua, watoto wa pale kijijini kwetu Gehandu waliacha kumwamkia, kwa sababu shikamoo yao haikujibiwa. Naye akaacha kuzungumza. Mtu akija kumtembelea, hata mimi, aliondoka sebuleni akaenda jikoni kuchambua maharage. Mimi ni mkaidi. Nilijiapiza kwamba mama yangu atakaa tena na watu na kusimulia kama zamani, hata kama nitachekwa.

Kuchekwa kulikuja mapema. Jumamosi moja nilifika na filamu fupi za Kifaransa kwenye simu, za zamani sana, za enzi ambazo sinema haikuwa na sauti. Zilikuwa za mambo ya nyumbani tu: mtoto analishwa uji, mke anafua, mume anavunja sahani.

"Wifi, yaani Wafaransa ndio watamponya mama?" aliniuliza mke wa kaka yangu.

 Nilimfuata mama jikoni, nikaiegemeza simu kwenye ndoo ya unga, tukakaa watatu kuitazama. Katika filamu ya tatu mume alivaa aproni ili apike mwenyewe. Mke akasimama mlangoni akasema jambo, kisha yakatokea maandishi ya Kifaransa. Mimi na wifi tulibaki tumekodoa macho. Mama, aliyekuwa akizichunguza nyuso zao, akafungua mdomo.

"Amemwambia asiguse sufuria yake. Lakini hajakasirika. Angalieni mashavu, anazuia kicheko."

Haukupita muda, yule mke akaangua kicheko kweli. Wifi akasahau kunicheka. Mama akaendelea kutusimulia nani anadanganya, nani ana wivu, na kwamba yule mtoto ameshiba, wanamlazimisha bure. Nilifurahi mno. Nikamwinamia mama nikapaza sauti kwa nguvu zangu zote:

"Mama, unaelewa kuliko sisi!"

Alinitazama usoni, tabasamu lake likafutika.

"Sasa nimekosa nini tena?" aliuliza. "Miaka miwili hii, kila ukisema na mimi uso wako umekunjamana hivyo. Nakuja huku jikoni ili nisizidi kukuudhi."

Nilisogeza kigoda mpaka magoti yetu yakagusana. Nikajifuta machozi, nikalegeza uso, nikaanza kumwambia upya, kwa kunong'ona.